Teopista Irakoze, Aliyewakatia Wenzake Upepo

Wasikilizaji wapendwa, leo nawasalimu kwa sauti ya chini. Tumempoteza Teopista Irakoze. Amefariki Jumanne hapa Louisville, akiwa kazini. Alikuwa na miaka ishirini na moja.

Wengi wenu mlimjua kama yule dada wa mtaa wa Highview aliyekuwa akichechemea, mwimbaji wa sauti ya pili kwayani. Lakini Teopista alikuwa mwanamichezo. Alishindana katika mbio za barafu, zile za uwanja mfupi. Wasichana wachache huzunguka pamoja, viatu vina chuma kirefu chini, na kwenye kona mtu huinama hadi vidole viguse barafu. Narudia: mbio za barafu. Mtoto aliyezaliwa kambini Mtabila, Kasulu.

Familia yake ilifika Buffalo, hapa Marekani, mwaka 2007, ikapanga nyumba karibu na Bailey Avenue. Siku moja shule iliwapeleka watoto kuteleza. Wenzake walishika ukuta. Teopista alianguka, akainuka, akaanguka tena, akacheka. Kocha wa klabu moja alimwona. Baadaye akamchukua klabuni, akamwazima viatu.

Mama yake, Mama Goreth, anakumbuka: "Nilimuuliza, huko mnakimbilia wapi? Akasema, 'Hatuendi popote, mama, tunazunguka tu.' Nikamwambia, basi Mungu akuzungushe salama."

Kocha alikuwa na lake, wasikilizaji. Binti yake mwenyewe alikuwa klabuni. Kazi ya Teopista ilikuwa kutangulia na kukata upepo, binti wa kocha akimfuata mgongoni bila kuchoka. Mwisho ukikaribia, kocha hupiga mluzi. Teopista hujitoa pembeni. Binti hupita, hushinda. Ilikuwa hivyo kwa miaka. Teopista akiuliza zamu yake ni lini, anaambiwa, "Subiri, wewe bado mdogo." Yeye na binti wa kocha walizaliwa mwaka mmoja.

Tufike Columbus, majira ya baridi ya 2015. Ilikuwa fainali. Mshindi angeitwa kufanya mazoezi na wakubwa. Mama Goreth alikuja kumtazama mwanawe kwa mara ya kwanza. Jirani yao wa Buffalo, Nsimire, ndiye aliyemleta kwa gari.

Mluzi ukalia. Teopista hakujitoa. Ukalia tena. Akaongeza mwendo.

Kwenye kona, binti wa kocha alijipenyeza kwa ndani, akamsukuma kwa bega. Wote wawili wakajipigiza ukutani. Chuma cha kiatu cha mwenzake kikamwingia Teopista juu ya goti, kikakata kano. Kocha alikwenda kwa waamuzi akalalamika kwamba Teopista aliziba njia. Jina lake lilifutwa akiwa bado amelala kwenye barafu. Waamuzi wakakubali kwamba binti wa kocha alizuiwa, nafasi akapewa yeye.

Kesho yake kocha alikuja hospitalini. Mama Goreth hakujua Kiingereza. Aliinuka, akampisha kiti. Kocha hakukaa. Alisema viatu ni mali ya klabu na amekuja kuvichukua.

"Anasemaje?" mama akauliza.

"Anasema pole, mama," Teopista akajibu. "Anasema atanitunzia viatu mpaka nipone."

Mama Goreth akavitoa chini ya kitanda. Vilikuwa bado na damu. Akavifuta kwa kitenge chake, akampa kocha kwa mikono miwili, akasema neno la Kiingereza alilolijua: thenkyu.

Nsimire alikuwapo, na Kiingereza anakijua. Ananiambia: "Bon, miye nilisikia yote. Ule kocha hakuuliza hata mguu. Teopista akaniangalia, nikanyamaza."

Klabu haikumtafuta tena. Goti halikukunjika vizuri. Teopista na mama yake wakahamia hapa Highview kwa kaka wa Teopista, Gaudiosi. Akapata kazi ghalani, kupanga vifurushi. Mwezi uliopita alifanyiwa upasuaji wa pili. Aliambiwa akichelewa kurudi, nafasi yake atapewa mwingine. Akarudi kabla hajapona.

Jumanne mguu ulivimba. Kifua kikambana. Alimwambia supavaiza. Supavaiza akamjibu, "Maliza kwanza lori hili." Teopista alianguka kando ya mkanda wa mizigo, na vifurushi vikaendelea kupita. Daktari alisema damu iliganda mguuni ikapanda hadi kwenye mapafu.

Matangani, Nsimire alishindwa kuendelea kunyamaza. Alimweleza Mama Goreth alichokisema kocha siku ile. Mama hakulia. Aliuliza tu, "Na mimi nilimshukuru?" Nsimire akasema ndiyo.

Mama Goreth, kaka Gaudiosi, poleni sana. Kituo hiki kinalia nanyi. Mazishi ni Jumamosi saa nne asubuhi. Ninyi mnaosimamia watu makazini, mtu akiwaambia mguu unauma, mwangalieni mguu. Na ninyi vijana mnaotutafsiria sisi wazazi kila siku, tuambieni yote, hata yanayotuumiza.

Jana nilimkuta Mama Goreth akimwomba Gaudiosi amwandikishe darasa la Kiingereza kanisani. Nilimuuliza anataka ajifunze kusema nini.

"Sina la kuwaambia," alinijibu. "Nataka kusikia wanachotusema."