Mayonezi ya Kinyozi

Asubuhi hiyo kinyozi alikaa kwenye benchi la mbele ya kibanda chake bila uso wa kutazama watu. Mkewe ametoka kuugua wiki mbili na hakuna chakula kinachompanda. Alitamani kitu kimoja tu, mayonezi ya Kijapani yenye pilipili aliyowahi kuila harusini. Kinyozi, na domo lake hilo, akasema hiyo kazi ndogo. Sasa bakuli liko mapajani, mafuta huku, mayai kule, na mayonezi imekataa kushikana.

— Umekorogea nini? aliuliza fundi redio wa jirani.

— Mashine ya kunyolea. Nimeifunga uma pale mbele.

Fundi redio akasogeza kikombe chake cha kahawa mbali kidogo.

— Kosa ni upande, alisema mshonaji, ambaye kijiwe kizima kinamwita Futi. Wajapani wanakoroga kwenda kushoto.

— Uliwaona wapi?

— Cherehani yangu imetoka kwao. Haijui kwenda kulia.

— Acha hizo, Futi, alidakia fundi redio. Ni mawimbi. Kuku akitaga karibu na mnara wa simu, yai lake halishiki mafuta, linashika mtandao.

Kinyozi aliamini yote mawili, na hilo ndilo tatizo lake tangu utoto. Aliligeuza benchi likatazama ukuta, akavunja yai jipya, akachukua kiini peke yake na kuanza kukoroga kwa mkono, kushoto. Safari hii mkono ulikuwa umechoka hata chupa haiinuki vizuri, mafuta yakawa yanadondoka tone moja moja. Mayonezi ikashikana, nzito, ya manjano. Akatia siki, sukari kidogo na mchuzi wa soya.

— Si nilisema kushoto?

— Kushoto wapi, ukuta umezuia mawimbi.

Kinyozi alijua ni uchovu wake tu uliodondosha mafuta polepole. Akazidi kukoroga, raha imemjaa kifuani.

Mkewe akatokea, anatembea polepole, shuka mabegani.

— Karibu shemeji, karibu, walisema wote wakimpisha akae.

Akachota kijiko, akaonja, akafumba macho. Hakuna aliyegusa kahawa yake.

— Baba watoto, pilipili iko wapi?

Futi akamtazama fundi redio. Fundi redio akamtazama kinyozi. Kinyozi akautazama ukuta, na aibu ikampanda mpaka masikioni.

Mkewe akachota kijiko cha pili, halafu cha tatu, akiendelea kungoja jibu.