Ulinisema Ukiwa Umesimama

Bwana asifiwe, kanisa! Nimechoka, ndugu zangu, kwa hiyo mnivumilie niseme taratibu.

Miaka tisa iliyopita nilimzika mwanangu hapa Nyacheki. Daktari alikuwa ametuambia waziwazi kwamba ni nimonia, na kwamba tumemchelewesha. Aliyemchelewesha ni mimi. Nilikuwa nachuma majani chai nikisema kikohozi kitaisha tu. Lakini pale kaburini nilisimama mbele yenu wote, nikamnyooshea kidole Mama Moraa, mke wa shemeji yangu, nikasema ndiye aliyemloga. Nilijua ni uongo! Uchungu ule ulitaka mtu wa kuubeba, nikamtwika yeye.

Yaliyofuata mnayajua, maana tuliyafanya pamoja. Hakuna aliyempiga, lakini kwenye matanga ndizi alizomenya ziliwekwa kando. Na kila Sabato ya Meza ya Bwana, akina mama tunapooshana miguu, mimi nilikimbilia beseni la mbali. Miaka tisa nakimbia beseni! Ndugu zangu, kukimbia kunachosha kuliko kulima.

Meza ya Bwana iliyopita nilichelewa. Wote walikuwa wameshapangana wawili wawili. Aliyebaki ni yeye, na maji yake yamepoa. Nikapiga magoti, nikaosha miguu ile iliyopasuka kwa kazi ya shamba, nikanong'ona, "Mama Moraa, nisamehe."

Hakulia. Alisema, "Kwamboka, ulinisema ukiwa umesimama, watu wote wakasikia. Mbona unaniomba msamaha ukiwa umeinama?"

Nilikasirika, sitawaficha! Nilidhani maji yametosha. Nikamwomba Mungu aniondolee neno lile, hakuniondolea. Nilichoka kabisa, na kuchoka kule ndiko kulikoniokoa.

Basi leo nimesimama. Mama Moraa hakumloga mwanangu. Ni mimi niliyesema uongo. Asante Yesu, nimelisema! Kama amenisamehe sijui. Sijamuuliza, na si kazi yangu kumharakisha.

Hapo nje, kwenye chakula chetu cha pamoja, kuna sufuria ya ndizi aliyoipika jana kabla jua halijatua na Sabato kuingia. Amepika hivyo miaka yote, na kila mara amerudi nayo nyumbani ikiwa imejaa. Wewe uliyeniamini siku ile bila hata kuuliza, leo mtumaini Mungu, ushike sahani. Mimi nitakula wa kwanza.