Ukuta Alioupeleka Pembeni

Wasikilizaji wapendwa, hamjambo. Anayekaanga kitu jikoni apunguze moto, asogee karibu. Leo tunamkumbuka mtu asiyejua kutulia. Hata kwenye kiti alikalia nusu. Ni Fundi Timazi, mwashi, aliyetutoka wiki iliyopita.

Timazi, kwa wasioijua, ni ile kamba yenye chuma kizito mwishoni. Fundi huining'iniza ajue kama ukuta umesimama wima. Jina hilo alipewa na mafundi wenzake, naye alilivaa kama shati jipya. Ukimwambia nyumba yako imepata ufa, jibu lake lilikuwa moja: "Kwani ulimwita nani akujengee?"

Sasa, huo ukuta. Miaka mingi iliyopita halmashauri ilimpa kazi ya kujenga ukuta wa soko, pale soko linapopakana na kiwanja chake mwenyewe. Alipochimba msingi mpakani akakuta shimo la taka la zamani. Udongo mbovu, unabonyea, na jiwe la mpaka lilishafukiwa humo. Badala ya kuchimba zaidi, akausogeza ukuta ndani ya kiwanja chake. "Kwangu ni kwangu," alimwambia mkewe. "Nani atanidai?" Ndugu zangu, hapo ndipo alipojipalia makaa.

Kipande cha ardhi yake kikabaki upande wa soko. Dada yake alipofiwa na mume na kurudi nyumbani, Timazi akamjengea hapo chumba cha kushonea, penye udongo mgumu, mlango ukitazama wateja. Dada akalea watoto wake kwa cherehani ile.

Mwaka jana akaja ofisa mpya wa ardhi. Akatazama, akasema mpaka ni ukuta. Chumba kiko kwenye ardhi ya halmashauri. Kivunjwe!

Baraza la ardhi likakaa. Mwenyekiti akauliza swali moja tu: "Fundi, ukuta huu uliujenga mpakani, au ulikosea?" Ukumbi umejaa wanafunzi wake, wateja wake, na mafundi waliomwonea gere siku nyingi. Wasikilizaji wapendwa, angesema "nilikosea", chumba cha dada kingepona. Neno hilo tu, basi. Timazi akakohoa. Akasema, "Mimi sijawahi kukosea ukuta."

Baraza likaandika hivyohivyo: ukuta ndio mpaka. Dada yake akainuka, akatoka nje.

"Dada hakunigombeza," Timazi alimwambia mkewe walipofika nyumbani. "Afadhali angenigombeza." Mkewe anasema tangu hapo nyumba haikuwa na raha. Analala, anaamka. Anashika kijiko, anakiacha. Anakwenda kuushika ukuta, anarudi, anakwenda tena. "Nikamwambia, baba watoto, ukuta haukujibu. Nenda kwa wanaojibu."

Akaenda. Aliomba baraza likae upya, na mafundi wote akawaita mwenyewe. "Ukuta ule niliupeleka pembeni," alisema mbele yao. "Niliona uvivu kuchimba. Kosa ni langu. Dada yangu msimwadhibu." Fundi mmoja akaangua kicheko. Timazi akamwacha acheke mpaka akachoka. Baraza likaamua mpaka upimwe upya, likapanga siku.

Siku hiyo hakuifikia. Moyo wake ulisimama akiwa kazini, mwiko mkononi. Kipimo ni kesho asubuhi, na hadi sasa hakuna anayejua kitatoka vipi. Inaniuma, sikufichi.

Nilipokwenda kutoa pole, nilimkuta dada yake mle chumbani, amekaa mbele ya cherehani, hashoni. Nikamuuliza kama anaogopa kesho. Akatikisa kichwa.

"Kaka alikuja kuniomba msamaha," akasema. "Alisimama hapo mlangoni, hakai, unamjua. Nilikuwa bado nina hasira. Nikamwambia, tutaongea wakishapima." Akaifunika cherehani. "Sasa wapime, wasipime, nitaongea na nani?"

 

Poleni sana, mama watoto na watoto. Pole, dada yetu. Alijua unampenda, hilo mkewe ameniambia nikufikishie. Poleni mafundi wote, hata yule aliyecheka. Na wewe unayenisikiliza, kama kuna mtu amesimama mlangoni kwako anangoja umsamehe, usimpangie siku.