Odile Vaissade na Mzabibu Usiohitaji Pampu

Marehemu Odile Vaissade alizaliwa tarehe 3 Machi 1949 hapa Puech-Maurel, mtoto wa pili wa Elzéar na Noémie Combal. Alisoma hapa kijijini, kisha Béziers, na mwaka 1972 akahitimu elimu ya mimea Montpellier. Mwaka uliofuata aliajiriwa katika bustani ya utafiti wa mizabibu, akabaki huko hadi alipostaafu mwaka 2014.

Mwaka 1976 alifunga ndoa na Régis Vaissade, mkulima. Kila baada ya mvua Régis alijitwika pampu mgongoni kupulizia mizabibu dawa ya ukungu. Jioni Odile alifua mashati yaliyogeuka buluu kwa dawa hiyo, akimsikiliza mumewe akikohoa. Akaapa kupata mzabibu utakaojikinga wenyewe, ili Régis aweke pampu chini.

Kila Juni alikaa kwenye kigoda kati ya mistari, akinyofoa kwa kibano sehemu za kiume za kila ua, akipaka chavua ya uzao wa mizabibu mwitu ya Marekani, isiyougua ukungu, kisha akikifunika kishada kwa mfuko wa karatasi. Baada ya mbegu, mche. Baada ya mche, miaka ya kusubiri zabibu. Firmin, mdogo wake Régis, alionja divai za mwanzo, zilizonuka kama mnyama wa mwitu, na kuzitema.

"Shemeji, humu umekamulia mbweha?"

"Kunywa, acha maneno. Mbweha hapuliziwi dawa."

Odile aliuchavusha tena uzao huo kwa mizabibu ya hapa, kizazi baada ya kizazi, hadi ladha ya mwitu ikafifia. Mwaka 2003 Régis alipanda aina moja ya mizabibu hiyo shambani kwake. Ilikuwa na jeni moja tu ya kinga. Kwa misimu michache majani yalikaa safi, kisha ukungu ukaizoea kinga ile, na Régis akabeba tena pampu. Hakumlaumu mkewe. Alifariki mwaka 2009 kwa maradhi ya mapafu.

Odile aliing'oa mizabibu ile na kuanza upya, akiwa na miaka sitini. Sasa alitaka jeni mbili za kinga katika mzabibu mmoja. Kwa macho, jani lenye moja na lenye mbili hayatofautiani. Ilibidi vipande vya majani visomwe vinasaba maabara, na miche mingi aliitupa ikingali michanga.

"Nimechoka kutupa watoto," alisema, akarudi kwenye kigoda chake.

Mche mmoja uliobaki, wenye jeni zote mbili, ulizidishwa kwa vipandikizi ukapandwa katika shamba la Régis mwaka 2019. Mwanzoni mwa 2022 Odile aligundulika kuwa na saratani, na matibabu yakamwondolea ladha na harufu. Divai ya kwanza ilipoletwa kitandani, aliishika glasi kwa muda mrefu, akampa Firmin.

"Nionjee. Mdomo wangu umekuwa karatasi."

Firmin alikunywa. Hakutema. Akanywa tena.

"Sema basi! Na usinipe peremende kama mtoto."

"Mbweha amehama, shemeji. Hii ni divai. Divai tu."

"Na majani?"

"Safi. Pampu ya kaka imejaa buibui."

"Basi nilazeni," alisema.

Alifariki nyumbani asubuhi ya tarehe 14 Januari 2023. Ameacha binti yake Blandine, mjukuu wake Loïs, na shemeji yake Firmin. Pampu ingali imetundikwa bandani. Aliomba asiishushe mtu. Mungu ampokee, na uchovu wake uishie hapa.