Tulivyomsifu Cheche

Benchi letu la chuma liko kati ya kibanda changu cha viatu na kile cha kinyozi. Alilichomelea Cheche, fundi wa mageti, kwa mabaki ya nondo, ndiyo maana mguu mmoja ni mfupi na anayekaa mwisho lazima akanyage chini kwa nguvu. Cheche mwenyewe ana mwaka na miezi ardhini. Lori la kokoto lilimfuata pembeni kabisa mwa barabara, anasukuma baiskeli yenye mtungi wa gesi. Leo asubuhi Wakili, muuza magazeti ambaye sheria hajaisomea hata siku moja, kaja na hukumu ya kesi ya fidia. Mjane kamwachia aisome, kisha amweleze kwa lugha ya watu. Sisi tukaanza kuieleza kabla hajaifungua.

Breki, aliyeendesha malori miaka thelathini, akasema mahakama ina mizani kama ile ya barabarani: unapimwa ulichobeba. Umebeba mke na watoto watatu, mshale unapanda.

— Kizuri chajiuza, akamalizia, maana methali yeye huitupa popote.

Kinyozi akakataa. Jaji anaangalia picha, na Cheche picha yake ilikuwa na ndevu za mbuzi. Mara ngapi alimwita akae kwenye kiti amnyoe? Breki akapandisha dau: bora ugongwe mwisho wa mwezi, mshahara ungali mfukoni. Basi, akasema Kinyozi, kila mtu atembee na suti, karatasi ya mshahara kaibandika mgongoni, lori lichague lenyewe. Tukacheka. Nami nilicheka, na kicheko hicho kinaniwasha mpaka sasa.

— Nyamazeni, akasema Wakili. Hawapimi mtu. Wanapima alichokuwa anapeleka nyumbani.

Akaeleza, na kwa mara ya kwanza tangu nimfahamu alieleza vizuri. Unachukua kipato cha marehemu, unatoa fungu ambalo angetumia mwenyewe, kinachobaki unazidisha kwa miaka ambayo angeendelea kufanya kazi. Fungu lake mara nyingi ni theluthi moja. Theluthi mbili ni za mke na watoto.

— Na ya Cheche?

— Wameigeuza. Mbili zake, moja ya familia. Na siku za kukata rufaa zimebaki tisa.

Damu ikanipanda. Shule niliiacha mapema, hesabu nimejifundisha kwa bei za soli, lakini theluthi naijua. Nikamtukana jaji, nikamtukana mwenye lori, bima nikaimalizia. Mtu mwembamba kama fimbo, mikono imeungua mpaka kwenye viwiko, theluthi mbili alizila wapi? Nikataka nitajiwe mshenzi aliyempelekea jaji uongo ule.

Wakili alifungua ukurasa wa tisa, akasoma polepole:

— "Marafiki watatu wa karibu wa marehemu walieleza kwa maandishi kwamba alikuwa mkarimu kupita kiasi, akiwanunulia watu kahawa na chakula kila siku, na kwamba hela iliyoingia asubuhi haikufika jioni."



Sote watatu, Kinyozi, Breki na mimi, tulimkumbuka aliyetuandikisha maneno hayo. Kijana wa shati jeupe, mpole, alikuja wiki ya tatu baada ya maziko, akatununulia kahawa raundi mbili, akasema katumwa na bima, anataka tu kujua marehemu alikuwa mtu wa namna gani. Sasa nani anamsema marehemu vibaya? Tukamsifu, kila mmoja akimpanda mwenzake kichwani. Kinyozi akasema Cheche alimlipia kodi ya kibanda. Breki akasema alilisha mtaa mzima. Mimi, ninayejigamba kwamba maneno nanyoosha, ndiye niliyesema ile ya asubuhi na jioni. Tukatia sahihi, tukijua tunamsaidia mjane.

— Wema hauozi, Breki akanong'ona.

— Huu umeoza, nikamwambia. Na walioozesha ni sisi.

Maana ukweli ni huu: Cheche alitununulia kahawa mara mbili maishani mwake, mtoto wake wa mwisho alipozaliwa, na siku alipomaliza benchi hili. Siku nyingine zote alizima mashine saa kumi na moja, akapita hapa bila kukaa, mfuko wa unga mkononi. Tena tulikuwa tunamcheka, tunamwita mtumwa wa mkewe.

Mjane akatukuta hivyo hivyo. Alikuwa amefuata karatasi yake. Tukasimama wote, Breki akampisha kwenye benchi. Hakukaa.

— Shemeji zangu, kule mahakamani walisoma haraka haraka, sikushika vizuri. Nimesikia kama mume wangu alikuwa anawalisha nyinyi. Ni kweli?

Nikisema ndiyo, tulikula kwenye sahani za watoto wake, na ni uongo wa pili. Nikisema hapana, sahihi yangu iko mahakamani. Kinyozi alikuwa ndani ya kikombe chake, kikombe kitupu. Breki, mtu wa methali, hakuwa na hata moja. Wote wawili wakanitazama mimi, mnyoosha maneno.

Yule mama alisubiri, amesimama, mkono kaunyoosha kupokea karatasi yake.