Kuku wa Shangazi

Treni ya asubuhi ilikuwa haijashika mwendo wakati mzee aliyeketi mbele yangu alipochungulia kitabu cha picha alichokuwa nacho mama wa pembeni yake. Alishtuka kama aliyekalia msumari. "Huyu kuku katoka wapi? Hii hadithi ni ya Sungura na Fisi!"

Mama akacheka. "Nimekiandika na kukichora mimi, mzee wangu. Hadithi nimeitoa kwenye kitabu kinene cha profesa mmoja. Sungura anapobisha hodi kwa Fisi, msimuliaji anasema: Shu! Kuku we, toka!"

"Profesa mwenyewe ndiye mimi, na msimuliaji ni marehemu shangazi yangu. Alikuwa anafukuza kuku wake aliyeingia jikoni tukirekodi! Mimi niliandika kila alichotamka."

Kumbe usomi ndio huo.

Mama alijiziba mdomo. "Nisamehe, baba. Lakini nikiwasomea watoto shuleni, wakifika hapo husimama wote wakapiga kelele: Shu! Kuku we, toka! Nakushukuru sana kwa kutoliacha neno lake hata moja."

Mzee alimgeukia. "Wanalisema kwa sauti?"

"Mpaka darasa la jirani wanaitikia."

Mzee alitoa leso, akafuta miwani ambayo haikuwa na vumbi. "Hata hivyo ni kosa. Toleo lijalo mtoe."

"Simtoi ng'o."

Treni ikasimama. Mzee alishuka, kisha akarudisha kichwa mlangoni. "Asante, mwanangu. Ila umemchora mwekundu. Alikuwa mweupe, mkia tu ndio mweusi."