Mwaka Mwezi Ulipopevuka Mara Mbili

Wasikilizaji wapendwa, leo tunamkumbuka Mzee Kwok Siu-lam, mtunga kalenda. Ametutoka Jumanne. Kalenda yake nyekundu hapa Hong Kong nani hana? Tumeoa kwa kuitazama, tumehama nyumba kwa kutafuta humo siku njema.

Kalenda hii ni ya kale hasa. Mwezi unahesabu miezi, jua linashika majira. Mwezi ukibaki nyuma, mwaka unaongezewa mwezi mzima. Wafalme wa China wakapita, kila mmoja na wanajimu wake. Wa mwisho alipoondoka, serikali ikachukua saa ya pwani ya mashariki, lakini ukoo wa Kwok ukang'ang'ania saa ya jua la Beijing, ile ya wafalme. Tofauti ni dakika chache tu.

Dakika chache, wapendwa! Mwaka 1978 mwezi wa nane wa kalenda hiyo uliandama karibu na usiku wa manane. Kwa Kwok, ilikuwa bado leo. Kwa wenzetu wa China Bara, imeshakuwa kesho. Basi Sikukuu ya Mwezi Mpevu, siku ya kumi na tano, jamaa wanapokula keki na kutazama mwezi, ikawa Jumamosi huku, Jumapili kule.

Kwok alikuwa kijana, anamposa Yuk-ching, binti wa Mzee Tam mwokaji keki. Jumamosi akina Tam wakatandika darini, wakala. Mara akaingia ndugu yake Tam kutoka Guangzhou, akacheka mpaka akashika mbavu. Kwao ni kesho, mama yao hata keki hajakata.

Tam hakucheka. Miaka yote alikaa mbali na mama yake, na usiku huo mmoja ndio waliokuwa wakitazama mwezi pamoja, yeye huku, mama kule. Akamwambia Kwok, “Bwana nyota, umenitenga na mama yangu. Binti sikupi.”

Kwok akavimba. Hesabu ni ya babu yake, ataitupaje? Yuk-ching ndiye aliyemjibu.

“Babu yako alifuata saa ya mfalme. Mfalme hayupo. Bibi yangu yupo.”

Maneno yalimwingia. Jumapili akapanda darini kwa Tam, amebeba meza kichwani ili sikukuu iandaliwe upya, akakiri mbele ya majirani kwamba amekosea. Tam akamkatia keki. Mwaka uliofuata kalenda ilibadilika, na harusi ikawa.

Mjane wake, Bi Yuk-ching, anatuambia wajukuu walimuuliza sikukuu ya kweli ilikuwa ipi. Akajibu, “Ile tuliyokaa wote.”

Pole sana, Mama, wewe na wanao. Nasi tuliobaki, tujiulize: yuko mzee wetu anayekula peke yake? Mpigie leo. Siku njema usiitafute kwenye kalenda.